Hesabu Haina Shikamoo

Shangazi yangu, mdogo wake baba, aliacha shule ili atulee sisi mama alipofariki. Tulipokua, akajiandikisha kurudia mtihani wa kidato cha nne. Alitaka kusomea uuguzi, na hesabu ilishamwangusha. "Nikifeli tena," aliniapia, "hivi vitabu nawashia jiko." Ninavyomjua, angewasha kweli.

Basi msimu wa kahawa nikarudi kijijini kwetu Maguu kumfundisha. Tulikuwa kwenye kichanja, tunachambua kahawa iliyoanikwa, nikaokota kipande cha ubao nikaandika kwa mkaa: 4x + x⁵ − 9x².

"Digrii ya polinomia hii ni ngapi?"

"Moja," akajibu bila wasiwasi.

"Moja? Kwa nini?"

"Si 4x ndiye ametangulia? Kwetu hapa nani ananawa mikono kabla ya mkubwa?"

Jamani! Mimi subira sina, nikautupa mkaa. "Shangazi, hesabu haina shikamoo!"

"Basi haina adabu," akasema, akaendelea kutoa punje mbovu.

Nilicheka mpaka hasira ikaisha. Nikamweleza kwamba aliyetangulia si hoja, wala namba iliyo mbele ya x. Tazama kipeo, ile namba ndogo iliyokaa juu begani. Kipeo kikubwa kuliko vyote ndicho digrii, na hapa ni tano.

Akafuta, akaandika upya kwa mpango wake: x⁵ − 9x² + 4x. "Sasa wamenawa vizuri." Tangu siku hiyo kila polinomia aliinawisha hivyo kwanza, na hakukosa tena. Nilimpenda zaidi kwa ukaidi ule.

Matokeo yalipotoka niliyafungua kwenye simu. Hesabu: D, amefaulu. Wengine D huificha. Kwetu ilipigiwa vigelegele mpaka majirani wakaja.

Wakati wa kula, bakuli na jagi la maji vilipelekwa kwa babu kama kawaida. Babu, baba yake shangazi, hajawahi kunawa wa pili katika nyumba ile. Siku hiyo aliacha mikono yake magotini. "Leo anaanza huyu," akasema.

Shangazi akaganda. "Nitanawaje kabla yako, baba?"

Maji yalikuwa yanasubiri, na ugali unapoa.

"Nawa, shangazi," nikamwambia. "Hata x⁵ ikiandikwa ya mwisho, digrii ni tano ileile."

Akanitazama, akacheka huku analia, akanyoosha mikono.