Cheti Si Chake

Mama mpiga pasi wa duka la dobi alikuwa na ulimi mwepesi. Ukimpelekea shati lililokunjamana, atakuuliza kama ulilala nalo au ulilala ndani ya debe. Lakini tangu mwanawe wa pekee akamatwe, utani ulimkauka mdomoni.

Kijana alishtakiwa pamoja na wanaume wawili kwa kuvunja stoo na kumjeruhi mlinzi. Aliwekwa mahabusu na watu wazima kwa sababu cheti chake cha kuzaliwa, kilichochukuliwa shuleni, kilisema ana miaka kumi na tisa. Mama alishikilia kwamba ana kumi na sita. Daktari alimwangalia meno, akampiga picha ya mifupa ya mkono, akasema huenda ni kumi na sita, huenda ni kumi na tisa. Basi hakimu akamwita mama atoe ushahidi.

"Cheti hiki ulikipeleka shuleni wewe?" mwendesha mashtaka aliuliza.

"Mimi."

"Na jina hili ni la mwanao?"

"Jina ni lake. Cheti si chake."

Mama akaeleza kwamba kabla ya huyu alizaa mwingine wa kiume, akafa kwa homa hata jino hajaota. Huyu alipozaliwa, marehemu mumewe hakutaka jina lipotee. Cheti kilikuwepo, wakakitumia.

"Mwenyewe hajui, mheshimiwa. Niliona uchungu kumwambia."

Dada mkubwa wa mama, aliyemwosha yule mtoto mchanga siku ya maziko, alisimama akasema vivyo hivyo. Hakimu akaamua kwamba shaka iliyobaki imfae mshtakiwa: ahesabiwe mtoto, ahamishiwe mahabusu ya watoto, na kesi isikilizwe katika mahakama ya watoto.

Koridoni askari aliwaachia nafasi kidogo. Kijana alikuwa amekonda, na juu ya jicho ana kovu alilolipata mahabusu.

"Mama, kwa hiyo ulipokuwa ukiniita, ulikuwa unamwita nani?"

Mwanamke mwenye ulimi mwepesi akamshika mkono tu, hadi askari alipomtaka auachie.

Siku ya kwanza ya kumtembelea mahabusu ya watoto, mama alimwita kwa jina kupitia dirisha. Kijana hakugeuka.

"Mwanangu," akasema, taratibu.

Hapo akaja.