Umri Alioandika Kaka

Kaka alinikuta Mbezi Beach nikikata michongoma kwenye nyumba ya watu. Wiki ile nilikuwa mtu wa bustani. Kabla ya hapo nilipakia kokoto, na kabla ya kokoto nililinda banda la kuku, kazi niliyoiacha baada ya kuona hakuna jipya la kujifunza kuhusu kuku.

"Wameniwekea pingamizi," alisema hata kabla sijamsalimia. "Eti sijafika miaka ishirini na moja."

Nikacheka. Kaka ni mtoto wa mama mkubwa, amenizidi miaka mitatu. Mwenye ishirini nilikuwa mimi.

"Usicheke, bwa mdogo. Wana nakala ya cheti changu."

"Na cheti kinasemaje?"

Aliokota tawi nililokata, akawa analichambua majani. "Kinasema mwaka wako."

Darasa la saba nilitoroka shule nikiwa nimeshasajiliwa kwa mtihani. Nilidandia lori lililokuwa linarudi kusini, ili nikaone mikorosho ambayo wazazi wangu walikuwa wakiitaja kila siku. Kaka alikuwa amefeli mtihani huohuo miaka mitatu nyuma, yuko nyumbani anapiga msasa vinyago vya baba yake. Mama mkubwa akamfuata mwalimu, wakaongea. Kwetu jambo hilo lilikuwa la kawaida: mtoro akiacha nafasi, mwingine anaikalia. Kaka akakaa kwenye dawati langu, kwa jina langu na mwaka wangu wa kuzaliwa. Akafaulu. Akasoma sekondari ya kata, akapata cheti cha kuzaliwa, kitambulisho cha taifa, na kazi ya kusoma mita za maji.

Nyumbani tulikuwa tumeshasahau. Hakuna aliyetuita kwa majina ya shule. Yeye ni kaka, mie ni bwa mdogo. Ndiyo maana alipojaza fomu ya kugombea uenyekiti wa mtaa kule Madale, aliandika jina la kwenye cheti, na penye umri akaandika ishirini na tatu, umri wake wa kweli. Mkono ulijiendea tu.

Hakugombea kwa kupenda ukubwa. Mwenyekiti aliyekuwepo aligonga muhuri kwenye mauziano ya kiwanja kimoja mara mbili, na mnunuzi wa pili alikuwa mama mkubwa. Alikuwa ameshajenga msingi alipoambiwa asimamishe kazi. Kaka aliamini muhuri ule ukibadilisha mkono, faili la mama yake litafunguliwa.

Msimamizi wa uchaguzi alikuwa ameshamwengua. Ilibaki rufaa. "Mama wamemsikiliza," alisema, "wakamwambia mama yeyote angesema hivyo. Wanataka ndugu mwingine anayejua kuwa mimi ni mkubwa. Njoo unishuhudie."

Nilikwenda. Ofisini tulisubiri tangu asubuhi, nikawa nasoma kanuni za uchaguzi zilizobandikwa ukutani, zote, pamoja na zile zisizotuhusu. Mama mkubwa alikaa kwenye benchi nje ya dirisha, mkoba mapajani. Tulipoitwa, wakala wa upande wa pili alinitazama viatu mpaka kichwani.

"Ndiye huyu shahidi? Mbona ananuka majani?" Akawageukia wenzake. "Mkagueni meno basi, kama mbuzi wa Idi."

"Bwana, kaa chini," alisema mwenyekiti wa kamati ya rufaa, mama mmoja mwenye miwani.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Jina lako kamili, liingie kwenye kumbukumbu."

Mpaka leo sijui tulikuwa tunawaza nini. Watu watatu wazima tulipanga maneno siku mbili, nguo ya kuvaa tukaichagua, na hakuna aliyekumbuka kwamba shahidi huulizwa jina. Langu lilikuwa pale mbele yake, juu ya fomu ya kaka. Nikilitaja, umri wake unaweza kupona, lakini cheti, kitambulisho na kazi ya mita vinakwenda, na pengine yeye mwenyewe anakwenda jela. Nikamwangalia. Alikuwa anaangalia sakafu.

Nikataja jina lake la zamani, lile aliloliacha alipochukua langu.

"Kitambulisho?"

"Sina, mama."

Hilo lilikuwa kweli. Mwaka mmoja kabla nilikwenda kujiandikisha, nikaambiwa mtu wa jina langu, wa wazazi wangu, ameshaandikishwa. Nilidhani mashine imekosea.

"Hata barua ya mwenyekiti wako wa mtaa huna?"

"Mwenyekiti wa mtaa ndiye ninayeshindana naye," kaka alisema, na chumba kizima kikacheka. Hata mama yule alitabasamu kidogo. Kisha akaandika kwamba maelezo ya shahidi asiyejulikana hayawezi kushinda cheti. Rufaa ikatupwa. Mwenyekiti wa zamani akapita bila kupingwa.

Nje, mama mkubwa hakuuliza kitu. Alikuwa amesikia yote pale dirishani. Tulipoagana alinishika mkono akasema, "Ungeniambia unalitaka jina lako, mwanangu."

"Na kaka angekula nini?"

Aliniachia mkono, akaweka mkoba begani. Kaka alikuwa ameshatangulia, mita zilikuwa zinamsubiri.

Nilikaa miezi kadhaa, kisha nikaamua nianze upya, nipate angalau kitambulisho kimoja. Pa kuanzia ni barua ya utambulisho ya mtaa. Nikapanda Madale, nikamkuta mwenyekiti mezani kwake, mchangamfu kabisa. Alinikaribisha kiti, akafungua kidau cha wino, akashika muhuri.

"Haya kijana, jina?"

Nikamwambia nitarudi.

Kushuka nilipita kwenye kiwanja cha mama mkubwa. Majani yaliyokuwa yameota juu ya msingi wake yalikuwa yamefyekwa. Mafundi wawili nisiowajua walikuwa wanapanga matofali juu yake, wameshafika usawa wa madirisha.