Kopi Tano za Kikao cha Kesho

Mama Kopi hakuwa mtu wa kuamini tabasamu, na wiki ile pale hospitali ya serikali tabasamu zilizidi. Mlinzi wa getini, ambaye miaka yote alimnunia kana kwamba wamegombania shamba, ghafla anamwita "dada yangu mpendwa." Halafu kaja jamaa na futi yake, kapima ukuta wa kibanda chake pale chini ya ngazi. Alipoulizwa anapima nini akajibu, "Napima tu." Jamani! Mtu anapimaje tu?

Kibanda chenyewe ni meza, mashine ya fotokopi inayokohoa, na leseni ukutani, imebandikwa kwa gundi pande zote nne isije ikaibwa. Miaka tisa anawatolea wagonjwa kopi za kadi na vyeti hapo, na watoto watatu wanakula kutokana na mashine hiyo hiyo.

Basi barua ya uongozi wa hospitali ikaja. Ana siku saba aondoke, eti kakodisha kibanda kwa mtu mwingine bila ruhusa. Akitaka kujitetea, afike kwenye kikao cha kamati Alhamisi saa nne.

"Huyo mtu mwingine si ndiye mimi?" wifi yake, fundi cherehani, akacheka mpaka sindano ikamdondoka. "Wiki tatu nilizokushikia kibanda ulipopasuliwa tumbo! Kumbe nilikuwa mpangaji, wala hukuniambia."

"Wifi, acha masihara. Kuna mtu anakitaka kile kibanda."

"Wewe hata mvua ikinyesha unasema kuna aliyeituma."

"Sasa ile ya juzi ilijuaje kama nimeanika?"

Jumatano asubuhi, karani wa utawala akaja mbio. Mashine ya ofisini imekwama tena, na ikikwama huwa wanakimbilia kwa Mama Kopi, mazoea yao ya miaka. "Kopi tano, mama, chapchap!" Akatupa karatasi mezani, akatoka nje kupokea simu.

Mama Kopi hasomi karatasi za watu. Lakini jina lako likikukodolea macho utafanyaje? Kumbukumbu za kikao cha Alhamisi, ndivyo ilivyoandikwa. Na leo Jumatano! "Mhusika alifika, akasikilizwa kwa kina. Utetezi wake haukuwa na uzito. Wajumbe wote wamekubali aondoke." Chini, sahihi ya mwenyekiti, imekaa vizuri kabisa.

Nimefika lini? Nimesema nini? Kidole kikabonyeza sita badala ya tano.

Alhamisi, wajumbe watano walikaa meza ndefu, mwenyekiti miwani juu ya paji la uso.

"Karibu mama. Jieleze tu, usiogope."

"Asante mzee. Ila naona nilishajieleza tangu jana." Akaweka karatasi mezani.

Karani akaanza kuchunguza dari.

"Hii... hii ni rasimu tu," mwenyekiti akasema.

"Rasimu ina sahihi yako, mzee?"

Muuguzi mkuu, mmoja wa wajumbe, akaivuta karatasi. "Na mimi humu nimekubali. Nilikubali saa ngapi, mwenzangu? Nilikuwa wodini jana!" Wengine nao wakaanza kujitafuta. Ikabidi mwenyekiti akae pembeni, shauri lianze upya chini ya muuguzi mkuu.

Ndipo Mama Kopi akasema yake yote, bila kukatishwa. Wifi akaitwa, akaulizwa kama aliwahi kumlipa kodi. "Nimlipe? Hata chai hakuninywesha!" Halafu Mama Kopi akatoa karatasi yake ya kuruhusiwa kurudi nyumbani, yenye mhuri wa wodi ya upasuaji, ghorofa ya pili, jengo hilohilo.

Muuguzi mkuu akaguna. "Kwa hiyo tunamfukuza kwa sababu tulimlaza sisi wenyewe?"

Wiki iliyofuata barua nyingine ikaja: tuhuma imefutwa, leseni inaendelea, abaki. Mama Kopi akaisoma mara tatu, akaigeuza nyuma, akainyanyua kwenye mwanga.

"Wifi, hapa wamesema nibaki mpaka lini?"

"Hawajasema mpaka lini."

"Unaona? Wameficha."

Akawasha mashine, mteja wa kwanza akamsalimia akitabasamu. Mama Kopi akamtazama juu mpaka chini, ndipo akapokea kadi yake.