Mlango Niliowekwa Kuulinda

Nilipokuwa mtoto wa miaka tisa, hapa Kalemie enzi za Zaire, niliamini kwamba nimempofusha mdogo wangu.

Kalume alizaliwa nyumbani. Papa alikuwa safarini, akifanya kazi katika treni ya Kabalo, na Nkambo, mama yake Mama, akaniweka mlangoni.

"Papa yako akifika, asimubebe mutoto mpaka kitovu ianguke. Mwanaume akitoka kwa mwanamuke mwingine, mikono yake inaua macho ya mutoto."

Sikuelewa yote. Nilielewa kwamba mlango ni wangu.

Papa alifika kesho yake, Nkambo akiwa ziwani anafua. Alichuchumaa mbele yangu, akaniita mama kama alivyozoea kuniita mimi bintiye. "Mama yangu, nimuone tu. Weye njo jandarme wa hapa?" Nikacheka kuitwa askari, nikampisha. Alimbeba mtoto kidogo, akamrudisha kwa Mama.

Siku ya tatu macho ya Kalume yalivimba, yakatoka usaha mzito wa manjano. Nkambo aliyaosha kwa maziwa ya Mama, kwa majani, kwa sala. "Nani alimufungulia?" aliniuliza. Hakunipiga, afadhali angenipiga. Tulipomfikisha hospitali, weupe ulikuwa umefunika mboni zote mbili.

Niliishi na hilo zaidi ya miaka ishirini. Nilipopata mimba yangu ya kwanza, muuguzi wa kliniki alitueleza sisi wajawazito kuhusu kisonono: huambukizwa kwa kulala pamoja, si kwa kubebwa, mwanamke anaweza kuwa nacho asiumwe popote, mtoto hukipata machoni wakati wa kuzaliwa, na dawa ya macho ikitiwa saa ileile humwokoa. Nililia mbele ya wanawake wote.

Nikaenda moja kwa moja kwa Papa, nikamweleza. Alijibu akitazama miguu yake.

"Mie walinichoma sindano ya ugonjwa ile kule Nyunzu, kwa njia ya treni, mutoto hajazaliwa bado. Nikapona. Nikaogopa kumwambia mama yenu."

"Na mie, Papa? Uliniacha nifikiri nini?"

"Nilisikia aibu, mama."

Kalume, mtu mzima sasa, alikuwa ameketi nyuma yetu. "Kumbe ningeona," alisema.

Nimejaribu kumchukia Papa, nimeshindwa. Aibu imewafunga mdomo watu wema kuliko yeye. Nkambo naye hakukosea kabisa. Alijua jambo lile hutoka kwa baba likamfikia mtoto. Hakujua kwamba lilikuwa limekwisha kupita kwa Mama, ambaye hakuna aliyewahi kumwambia kitu.