Ukigusa, Umecheza

Juzi huko Maseno nilisikia wanafunzi wawili wakizozana juu ya ubao wa chesi. "Umegusa, umecheza!" Papo hapo nikanusa dagaa wa omena walioanikwa, na mafuta ya cherehani.

Cherehani ilikuwa ya Mzee Mwangi, fundi nguo aliyepanga chumba kando ya chetu, Kisumu. Kila Jumamosi alicheza chesi na Baba barazani. Farasi wake mmoja alikuwa kifungo cha koti, maana yule halisi alipotea. Mzee hakuwa na huruma: ukigusa kete, utaisogeza hiyo hiyo, hata ukilia. Mimi nililia mara nyingi.

Mchana mmoja Mama alikuwa amepelekwa hospitali kujifungua, na Baba alikuwa amerudishwa kutoka mlango wa wodi. Nilimkasirikia kwa kukaa akicheza. Alimshika malkia, akamweka wazi kabisa mbele ya kile kifungo. Mzee Mwangi akatazama ziwa.

"Rudisha, Baba Akinyi. Cheza tena."

Baba akarudisha, akakosea vilevile. Mzee akatazama ziwa tena. Nikadhani amezeeka, hata sheria yake mwenyewe ameisahau.

"Lakini Baba amegusa!" nikamkumbusha.

"Nyamaza, Akinyi," akaniambia polepole, kama anayembembeleza mtoto mwingine.

Siku ya tatu Mama alirudi amembeba Ochieng'. Mzee Mwangi alimpakata, akamtazama sana, akamrudisha kwa Mama. Kisha akamvutia Baba kiti.

"Haya, bwana. Leo ukigusa, umecheza."