Udongo Uliofunguliwa

Mfyatua matofali waliyemwita Kidole hakuwa mtu wa majivuno, ila ukija kwenye udongo alikuwa hashikiki. Jina alilirithi kwa baba yake: kila tofali bichi la familia yao lilibonyezwa dole gumba kabla ya kuanikwa, lijulikane limetoka kwa nani.

Watafiti wa mambo ya kale walipoitisha mkutano na kusema historia hii ni yenu, tuchimbe pamoja, yeye ndiye aliyewaonyesha pa kuanzia. Alikanyaga kona ya shamba mara mbili, akatangaza, "Udongo huu umewahi kufunguliwa."

"Hapo hakuna kitu," baba yake alidakia. "Nimelima hapo miaka nenda, miaka rudi."

Laiti angemsikiliza! Lakini sifa zilikwishampanda kichwani.

Kidole akapewa mwiko, akashuka shimoni. Mama yake mdogo akawekwa kwenye chekeche kuchunga udongo unaopandishwa kwa ndoo. Mumewe, mdogo wake baba, alitoweka miaka kumi na minane iliyopita. Baba ndiye aliyeleta habari kwamba ameondoka alfajiri kutafuta kazi mbali. Mama mdogo alikuwa bado anayapiga pasi mashati yake.

Siku ya nne mfupa ukatokea. Mtafiti mkuu, mama mmoja mchangamfu, nusura acheze. "Kumbuka, kilicho chini ndicho kilichotangulia," alimwambia, akaenda kuleta kamera.

Kidole akachokora taratibu chini ya mfupa. Akakuta kipande cha tofali, na juu yake alama ya dole gumba.

Kama tofali la kwao lilitangulia, basi aliyelala juu yake hakuwa mtu wa kale hata kidogo. Akainua macho. Baba yake alikuwa amesimama kwenye kamba iliyozungushiwa shimo, mikono nyuma, anamtazama yeye tu.

"Kitie mfukoni, mwanangu," alisema kwa sauti ya chini.

Kidole alimpenda baba yake, na alimwogopa. Siku hiyo hakujua kipi ni kipi. Akakitia mfukoni.

"Wa kale huyu," alimwambia mtafiti aliporudi. "Wa kale sana." Mtafiti akaandika.

Lakini ndoo ilikwishapanda. Kule juu chekeche ikanyamaza. Mama mdogo alikuwa ameshika kitu kwa vidole viwili, anakipangusa kwenye nguo yake.

"Kifungo hiki nilikishona mimi," alisema. "Hakikufanana na vingine, akanicheka."

Hakulia. Aligeuka polepole kuelekea kwenye kamba.

"Shemeji," alisema, "hebu njoo uone."