Mtumbwi wa Bibi

Nyumbani kwetu Ujiji, hadithi ya bibi ilikuwa na kazi ngumu. Kila aliposimulia jinsi mama yake alivyomvusha ziwa kutoka Kongo, bibi mwenyewe akiwa binti mdogo, sisi wasikilizaji ndio tuliokuwa wapiga makasia. Akimaliza kipande, tunaitikia kwa pamoja: "Vuta!" Tukizembea, anasimama. "Mtumbwi haujiendeshi," anasema, na kweli haendelei mpaka tupige kelele za kuwakera majirani.

Nilikuwa mvutaji hodari, ila shibe ya ugali wa muhogo na dagaa ilinimaliza. Sikuwahi kufika ng'ambo nikiwa macho. Maneno aliyoyasema mama yake alipokanyaga mchanga wa Ujiji, ambayo bibi aliyaweka mwisho kabisa, yalinipita utoto wangu wote.

Nikakua, nikahamia Dar es Salaam, nikawa mtengeneza filamu. Nilipoanza filamu kuhusu watu waliovuka ziwa hili na hadithi walizokuja nazo, maneno yale ndiyo niliyoyataka kuliko yote. Bibi alikuwa amezeeka sana, nami nilikuwa nikiwahoji watu habari za wazee wao huku za kwetu sizijui.

Nilimkalisha uani mchana, nikambandikia maiki kwenye kanga. Kisha nikawaambia mama mdogo na watoto kwamba atakayetoa sauti namtoa nje. Nilisema kwa ukali, kama bosi. Mpaka leo naona aibu.

Bibi akaanza. Upepo ukawakuta katikati ya ziwa, mama yake akatupa kinu majini kupunguza uzito. Hapo akanyamaza, akatutazama mmoja mmoja. Mama mdogo akafumbua mdomo, nikamkazia macho.

"Mume wangu," bibi akaniambia, kama alivyonitania siku zote, "leo sina watu?"

"Endelea tu, bibi. Tunakusikia."

"Haya. Basi, tukafika."

Akabandua maiki, akaenda kugeuza dagaa wake juani.

Niliudhika, nikajipa moyo kwamba tutarudia safari ijayo. Alifariki kabla sijarudi. Msibani nilimuuliza mama mdogo yale maneno ya mwisho. Alicheka huku akilia. "Mwanangu, hata mimi nilikuwa nasinzia."

Siku ya arobaini niliwaonyesha ndugu kipande kile cha filamu, ukutani, kwenye shuka jeupe. Swali lake na jibu langu nilikuwa nimeyaondoa, kwa kuona haya. Bibi akafika kwenye kinu, akanyamaza, akatutazama. Safari hii sikumkataza mtu. Mama mdogo alipaza sauti, na nyumba nzima ikamfuata: "Vuta!"

"Haya," bibi akasema pale ukutani. "Basi, tukafika."

Watoto wakashangilia, wakaruka, wakidhani amewasikia. Sikuwa na moyo wa kuwaambia kwamba ile "haya" ilikuwa yangu mimi, alipochoka kutungoja.